Herufi Mbili Nyuma ya Kijiko

Mwaka 1984 mkufunzi mwenzetu mmoja Mwingereza, akifunga mizigo kurudi kwao, alinipa kijiko kidogo cha fedha kiwe kumbukumbu. Nilishukuru, nikakitia kabatini, na humo kikakaa mpaka nilipostaafu ukuu wa chuo cha ualimu. Siku moja nilikisugua, nikachukua kioo cha kukuzia, nikaona nyuma ya mpini alama tano ndogo: simba anayetembea, kichwa cha chui chenye taji, herufi n, kichwa cha mfalme, na herufi HB kwa mwandiko wa kalamu. Basi nikaanza kusoma, maana mwalimu hastaafu kusoma.

Wahenga walisema chema chajiuza, lakini fedha haijiuzi hivyo. Fedha tupu ni laini, hivyo huchanganywa na shaba kidogo, na shaba ikizidishwa si rahisi jicho la mnunuzi kugundua. Kwa sababu hiyo Uingereza iliagiza mwaka 1300 kwamba chombo cha fedha kipimwe na kupigwa chapa ya kichwa cha chui kabla ya kuuzwa. Kiwango kilikuwa sehemu 925 za fedha katika kila 1,000. Mwaka 1363 kila sonara bingwa alitakiwa awe na alama yake mwenyewe. Mwaka 1478 ikaongezwa herufi ya mwaka, ili hata mpimaji aliyepitisha chombo kibovu ajulikane. Simba alifuata mwaka 1544, na kichwa cha mfalme mwaka 1784, kuonyesha kwamba kodi imelipwa.

Kwa hiyo kijiko changu kinasomeka kama cheti. Ni fedha halali, kilipimwa London, na herufi n ni ya mwaka wa upimaji ulioanza Mei 1788. Na HB je? Masonara wa London waliandikisha alama zao katika madaftari ya chama chao, pale Goldsmiths' Hall. Baadhi ya madaftari yamepotea, na mafundi wa zamani wengi wamebaki herufi bila majina. Lakini HB huyu yumo: ni Hester Bateman, aliyeandikisha alama yake Aprili 1761.

Mumewe, John Bateman, alikuwa fundi wa mikufu. Alipofariki mwaka 1760 alimwachia mkewe vifaa vya kazi. Mjane huyo alikuwa amepita umri wa miaka 50, na wanahistoria wanaeleza kuwa hakujua kusoma wala kuandika. Kwa miaka ya mwanzo alitengeneza zaidi vyombo vilivyoagizwa na masonara wengine, nao mara nyingine walipiga chapa zao juu ya chapa yake. Baadaye karakana yake ya Bunhill Row ikasimama kwa jina lake, ikatoa vijiko, birika za chai na sinia kwa wingi. Alistaafu mwaka 1790, akafariki mwaka 1794. Kazi ikaendelezwa na wanawe, na baadaye na mkwewe, Ann, mjane mwingine.

Nilifundisha watu kusoma na kuandika maisha yangu yote, na nakiri kwamba habari hii ilinipa somo. Watu wengi wenye shahada wamesahaulika, na mama huyu asiyejua kuandika anatambulikana kwa herufi mbili baada ya miaka zaidi ya 200.

Lakini somo halikuishia hapo. Alama ya sonara haisemi ni nani aliyefua chombo. Inasema ni nani anayewajibika kwacho. Karakana ya Hester ilikuwa na wanawe, wanagenzi na vibarua. Huenda mkono wake haukukigusa kabisa kijiko hiki. Yeye aliyefichwa chini ya chapa za wengine, naye akawafunika wengine chini ya yake. Sheria haikumkosea mtu, kwani ilitaka wa kumshika fedha ikiwa mbovu. Ila sheria haikuuliza nani apongezwe fedha ikiwa nzuri.

Nilipofika hapo niliweka kijiko mezani. Wakati wa ukuu wangu chuo chetu kilitoa mwongozo wa mazoezi ya kufundisha. Jalada lilikuwa na jina langu peke yake. Barua ya pongezi ikaja kwangu, nikaisoma mbele ya wakufunzi wote, nikaketi. Mwongozo ule uliandikwa na kijana mmoja aliyeketi safu ya nyuma, usiku baada ya usiku, kwa taa ya chemli. Mimi nilisahihisha nukta na mkato. Ungekuwa mbovu ningewajibika mimi, ndivyo nilivyojiambia. Kwa kuwa ulikuwa mzuri, nilinyamaza.

Kijana huyo sasa naye ni mstaafu. Nilitafuta nakala niliyobaki nayo, nikaandika jina lake kwa kalamu juu ya langu, nikaituma kwa basi. Baada ya siku nne simu ikalia.

"Shikamoo, Mkuu," alisema. Kisha akakaa kimya kidogo. "Nimewaonyesha watoto. Walikuwa hawajapata kuniamini."