Uzi, Fundo na Mzunguko: Uchawi Uliomo Katika Maneno Yetu

Kijana mmoja niliyemfundisha zamani aliniletea sura za mwanzo za riwaya yake. Ndani yake mna nchi ya kubuni ambayo wachawi wake ni wafumaji: mwenye uzi mweupe huponya, mwenye uzi mweusi huua, na kila fundo humgharimu aliyelifunga. Aliniomba nimkagulie Kiswahili. Kiswahili kilikuwa safi. Ila wachawi wake wote walitoka katika filamu za kigeni. Nilimwandikia pembezoni: “Mwanangu, umekwenda kukopa nje kitu ambacho nyumbani kimejaa ghalani.” Makala haya ni ufafanuzi wa sentensi hiyo.

Nianze na neno alilolitumia mwenyewe bila kulitazama. Kazi yake aliiita “mfumo wa uchawi.” Mfumo umetokana na kufuma. Leo tunasema mfumo wa elimu, mfumo wa majitaka, mfumo wa vyama vingi, na hakuna anayeona kitambaa mbele yake. Lakini maana ya awali ni jinsi nyuzi zinavyopitana mpaka zikawa nguo. Nyuzi zinazotandazwa kwa urefu ni mtande. Zinazopitishwa kwa upana ni mshindio. Mfumaji aliitwa mfumi, na chombo chake kitanda cha mfumi. Katika miaka yangu yote ya kufundisha sikumpata mwanafunzi hata mmoja aliyeyajua maneno hayo.

Yalipotelea wapi? Pwani yetu ilikuwa nchi ya wafumi. Katika magofu ya Kilwa vimechimbuliwa kwa wingi vigae vya vyungu vilivyochongwa mviringo na kutobolewa katikati, ambavyo vilikuwa uzito wa kusokotea nyuzi za pamba. Ibn Battuta, aliyepita pwani hii mwaka 1331, aliandika kwamba nguo za Mogadishu zilisafirishwa hadi Misri. Bara nako, Ufipa ilisifika kwa nguo za pamba zilizofumwa na wenyeji. Kisha, katika karne ya 19, ikaja merikani, nguo ya viwanda vya Marekani, ambayo biashara yake Unguja ilipata nguvu baada ya mkataba wa mwaka 1833 baina ya Marekani na Sayyid Said. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vya 1861 hadi 1865 vilipopunguza shehena hizo, nguo za Uingereza na Bara Hindi zilichukua nafasi. Vitanda vya wafumi vikanyamaza kimoja baada ya kingine, na maneno yake yakanyamaza navyo.

Hata hivyo, uzi haukutoka katika fikra zetu. Tunatunga shanga, tunatunga samaki katika mtungo, tunatunga mashairi, na mama hutunga mimba. Mshairi ni mtu aliyeshika uzi na kutafuta shanga inayofuata. (Niwaonye tu wapenzi wa lugha: kufuma na kufumba, kunakotoka fumbo, yasichanganywe. Yanasikika kama ndugu, lakini kufanana sauti si ushahidi wa undugu.)

Kitenzi chenye nguvu kuliko vyote hivi ni kufunga. Tunafunga ndoa, tunafunga safari, tunafunga saumu. Hirizi ni maandishi au dawa iliyoshonewa ndani ya kitambaa au ngozi na kufungwa mkononi au shingoni. Na tunasema fulani “amefungwa,” maana yake hazai, au biashara yake haiendi. Waislamu wanaisoma Suratul Falaq, inayotaja shari ya wapulizao mafundoni, kwa hiyo hofu ya fundo si ya kwetu peke yetu. Lakini angalia Kiswahili kilivyoipeleka mbele: fundo ni pale uzi ulipokazwa, na fundo ni kinyongo. Mwenye fundo moyoni hana uzi wowote mkononi.

Msomaji atauliza: Kenyamonta, bara kabisa, kuna nini cha uzi? Wazee wetu huku walivaa ngozi. Ni kweli, lakini ngozi nayo hukatwa ukanda, na ukanda hufunga. Katika jamii za magharibi ya Serengeti palikuwa na desturi ya rika lililoshika zamu ya kuilinda nchi kuzunguka mipaka yake kwa miguu, pamoja na dawa ya kinga iliyoitwa orokoba. Neno hilo lina ukoo mpana: kwa Kiganda olukoba ni mshipi, na Kiswahili chetu kina mkoba, ambao hapo zamani ulikuwa mfuko wa ngozi. Nchi nzima ilivishwa mshipi. Maradhi, uvamizi na njaa viwekwe nje. Watu, mifugo na mvua vibaki ndani.

Sasa tofauti ninayotaka kijana wangu aione ni hii. Orokoba ilifungwa mchana, na watu wengi, kwa ajili ya wote. Fundo la mchawi husemwa kuwa limefungwa usiku, na mtu mmoja, dhidi ya mmoja. Kitenzi ni kilekile. Kilichobadilika ni nani anashuhudia. Na pale ambapo kufunga kwa pamoja kumekufa, hubaki kushukiana.

Sisemi haya kwa kubuni. Tangu mwaka 1928 nchi hii ina Sheria ya Uchawi, lakini katika Kanda ya Ziwa vikongwe wameuawa kwa sababu ya macho mekundu tu, ambayo moshi wa jikoni unatosha kuyaeleza. Katika kijiji kimoja cha wilaya yetu, bibi msusi wa vikapu alikutwa na uzi mweusi wenye mafundo mengi chini ya mto wake. Ikavuma kwamba kila fundo ni mtu aliyefungwa. Barazani bibi alisema, “Hayo ni madeni yangu. Fundo kubwa ni kikapu, fundo dogo ni ungo.” Hakujua kusoma, uzi ule ulikuwa daftari lake. Watu waliguna. Mimi nilikuwapo, mwalimu wa lugha, mwenye kujua maana zote za fundo, na nilinyamaza. Nilisimama kusema katika kikao cha pili. Bibi alikuwa ameshahamia kwa binti yake, na hakurudi. Madeni yale sidhani kama yalilipwa.

Kwa hiyo nilimwambia kijana: wachawi wako waache wafume, lakini kila fundo liulize limefungwa mbele ya nani. Hapo ndipo gharama yake ilipo. Ameanza kuandika upya. Sura ya kwanza sasa inafunguka kwa watu wengi wanaotembea mchana, kila mmoja ameshika sehemu yake ya ukanda mmoja.

Nanyi wasomaji, kama kwenu bado kuna mzee anayesema mtande na mshindio, au ana majina mengine ya nyuzi hizo, yaandikeni mapema.