Kazi za Chuo Kikuu: Mwenyeji Adai Nini Mahakamani?

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Chuo cha umma kinapofika mji kama Lodwar, kama kilivyofika Kilifi kwetu, wenyeji hutarajia kupona: kama si kwa uhadhiri, basi kwa kazi za ukarani, maktaba, ulinzi, udereva na jikoni. Hapo ndipo mizozo ya ajira huzaliwa. Nimeona niyapange hapa mambo ambayo mtu afaa kuyajua kabla ya kwenda kortini au barabarani.

Nani anaajiri?

Chuo Kikuu Kishirikishi cha Turkana, kilichoko Lodwar, kilianzishwa 2017 chini ya Chuo Kikuu cha Masinde Muliro. Njia hiyo twaijua: chuo cha Pwani kilianza 2007 chini ya Chuo Kikuu cha Kenyatta, kikapata hati yake 2013. Kwa Sheria ya Vyuo Vikuu ya 2012, mwenye mamlaka ya kuajiri ni baraza la chuo. Si gavana, si mbunge, wala si chifu.

Wafanyakazi wasiofundisha wana vyama vyao, KUSU na KUDHEIHA. Lakini chama humtetea mwanachama. Anayetafuta kazi hana chama, kwa hivyo ni lazima aijue sheria mwenyewe.

Sheria ni msumeno

Kifungu cha 232 cha Katiba chataka ajira ya umma ifuate ushindani wa haki na sifa za mtu, na papo hapo chataka jamii zote za Kenya ziwakilishwe. Sheria ya Uwiano na Utangamano ya 2008 yaongeza kwamba taasisi ya umma isiwe na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi kutoka kabila moja. Mwaka 2012, tume ya NCIC ilikagua vyuo vikuu vya umma ikakuta vingi vimepita kiwango hicho.

Msumeno huu hukata mbele na nyuma. Theluthi hiyo yaweza kumlinda Mturkana aliyeachwa nje, na yaweza pia kuiangusha orodha ya Waturkana watupu. Kilifi ni vivyo hivyo kwa Mijikenda.

Wengi pia huchanganya theluthi hii na ile asilimia 30 ya nafasi za kuanzia kazi ambazo kaunti hutakiwa kuwapa wasio wa kabila kubwa la hapo. Hiyo ni Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012, na yahusu waajiriwa wa kaunti, si wa chuo kikuu.

Dai lenye nguvu

Kusema "sisi ni wenyeji" hakutoshi mbele ya jaji. Dai lenye nguvu ni la utaratibu: nafasi haikutangazwa, sifa zilibadilishwa baada ya tangazo, au aliyechukuliwa hakuwa na sifa zilizotakiwa. Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 5, yakataza ubaguzi hata kwa anayeomba kazi, na humtwika mwajiri mzigo wa kuthibitisha kwamba hakubagua.

Kuna na suala la vyeti. Kijana mmoja wa Kakuma alinionyesha bahasha yake: cheti cha polisi, cha KRA, cha HELB, cha EACC. Kila tangazo lilimtoa safari ya zaidi ya kilomita 100 hadi Lodwar, na hajawahi kuitwa kwenye mahojiano. Hakujua kwamba tangu marekebisho ya 2022, mwajiri haruhusiwi kudai vyeti hivyo kabla hajakusudia kumpa mtu mkataba.

Hatua za kufuata

Hifadhi nakala ya tangazo na uthibitisho kwamba ombi lako lilipokewa. Andikia chuo ukiomba maelezo ya jinsi watu walivyochaguliwa. Sheria ya Kupata Habari ya 2016 humpa raia haki ya kujibiwa ndani ya siku 21. Ukinyimwa, nenda kwa Tume ya Haki za Kiutawala. Kesi yenyewe husikizwa na Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, na siku hizi yaweza kuwasilishwa kwa mtandao.

Usikawie. Korti yaweza kusimamisha uajiri unaoendelea, au kuagiza nafasi zitangazwe upya. Lakini watu wakishaingia kazini, kuwatoa ni vigumu, nao pia wana haki zao.

Kwa maoni yangu, wenyeji wa Lodwar, Kakuma na Kilifi wangepata zaidi kwa kudai vitu viwili kila mwaka: tangazo liwafikie mapema, na orodha ya walioitwa mahojiano ibandikwe hadharani. Kelele za kabila huisha pamoja na siasa. Karatasi hubaki kwenye faili la jaji.