Nyayo za 1976

Asubuhi ya Julai, Karatu ni baridi ya kweli. Ukungu hushuka kutoka ukingo wa Ngorongoro, mita 2,300 hivi juu ya usawa wa bahari, ukafunika mashamba ya ngano na mahindi ya Rhotia na Oldeani mpaka jua lipande. Wazee hutoka na mablanketi mabegani, watoto huenda shule na masweta. Lakini theluji hakuna. Mtu akidai kwamba historia ya michezo ya theluji inaweza kusimuliwa kuanzia hapa, msikilizaji ana haki ya kushangaa. Na bado hapa ni mahali pazuri pa kuanzia, kwa sababu habari yenyewe ni ya miguu, na hakuna kona ya Tanzania iliyopata umaarufu kwa miguu kama hii.

Turudi mwaka 1976. Mwaka huo, huko Laetoli, ndani ya Hifadhi ya Ngorongoro, wageni wa kambi ya mtafiti wa mambo ya kale Mary Leakey walikuwa wakitaniana kwa kurushiana mavi makavu ya tembo. Mmoja wao, Andrew Hill, alipoinama kukwepa, aliona alama ardhini: nyayo za wanyama zilizogandishwa katika majivu ya volkano. Miaka miwili baadaye zikafukuliwa nyayo za viumbe waliotembea wima kwa miguu miwili, wakiwa wameandamana, miaka milioni 3.6 iliyopita. Mwaka huohuo wa 1976, mwanariadha mashuhuri kuliko wote waliozaliwa Karatu alibaki nyumbani wakati dunia ilikuwa ikimsubiri uwanjani. Na mwezi Februari, katika mji wa Örnsköldsvik nchini Uswidi, kijana kipofu kutoka Uganda alifunga mbao za kutelezea miguuni na kuwa Mwafrika wa kwanza kushindana katika Paralimpiki ya majira ya baridi.

Yule wa Karatu ni Filbert Bayi, aliyezaliwa mwaka 1953. Februari 2, 1974, mjini Christchurch, New Zealand, Bayi alishika uongozi wa fainali ya mita 1,500 tangu bastola ilipolia, hakumwachia mtu, akamaliza kwa dakika 3 na sekunde 32.2. Ilikuwa rekodi ya dunia. John Walker, mwenyeji, alimfuata kwa tofauti ya sekunde 0.3, na Ben Jipcho wa Kenya akawa wa tatu. Mei 1975, huko Kingston, Jamaika, Bayi akaweka rekodi ya maili moja, dakika 3:51.0. Pambano la Bayi na Walker katika Olimpiki ya Montreal lilikuwa likisubiriwa kama arusi ya mtoto wa chifu. Halikufanyika. Timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imezuru Afrika Kusini ya ubaguzi wa rangi, na zaidi ya nchi 20, nyingi za Afrika, Tanzania ikiwamo, zikagoma kushiriki kwa kupinga ziara hiyo. Walker akachukua dhahabu. Bayi alisubiri mpaka Moscow 1980 ili apate fedha yake, safari hiyo katika mbio za kuruka viunzi na maji.

Kabla yake alikuwapo John Stephen Akhwari wa Mbulu. Karatu yenyewe ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Mbulu mpaka miaka ya 1990, na familia nyingi za Wairaqw wa Karatu zina asili yao huko juu, kwa hiyo Karatu nao humhesabu kuwa wao. Oktoba 1968, Mexico City, Akhwari alianguka katikati ya marathoni, akaumia goti vibaya. Aliingia uwanjani giza likiwa limekwisha kuingia, zaidi ya saa moja baada ya mshindi, Mamo Wolde wa Ethiopia. Alikuwa akichechemea, mguu umezungushiwa bendeji, akamaliza wa 57, wa mwisho kati ya waliomaliza. Medali alipewa Wolde, lakini picha inayorushwa tena na tena katika televisheni za dunia ni ya yule wa mwisho.

Picha ile inahitaji kutazamwa upya. Dunia inapenda mguu ulioumia kwa siku moja, mguu unaofungwa bendeji na kupona. Mguu ambao haupo kabisa, au mkono uliozaliwa bila kiganja, hupewa pole na huachwa hapohapo. Wilaya hii imelea wakimbiaji kwa zaidi ya nusu karne. Waliosukuma kazi hiyo ni walimu wa shule za msingi, mashindano ya mashule, jeshi lililoajiri vijana wenye mbio, na hewa nyembamba ya nyanda za juu. Kwa mtoto wa Endabash, hapahapa Karatu, aliyepoteza mguu kwa ajali ya trekta au pikipiki, ngazi kama ile haikujengwa. Kwamba ingeweza kujengwa, ushahidi uko kwa yule Mganda wa Örnsköldsvik.

Jina lake ni Tofiri Kibuuka. Safari yake ya thelujini ilianzia Tanzania. Mwishoni mwa miaka ya 1960, kikundi cha vijana vipofu wa Afrika Mashariki kilipelekwa kupanda Kilimanjaro, kwa mpango wa shirika la Jumuiya ya Madola la kuhudumia wasioona, lililoongozwa na John Wilson, naye kipofu. Kibuuka alikuwa mmoja wao. Anayeujua mlima ule anajua maana yake. Usiku wa mwisho, juu ya mita 4,700, njia ni changarawe inayoteleza. Hatua moja mbele, nusu hatua nyuma, pumzi haitoshi, vidole vimekufa ganzi. Kwa wanaoona, giza la usiku ule ni mzigo wa ziada. Vijana wale walikuwa wamezoea kuliishi giza mchana na usiku, na wakafika juu, kwenye barafu. Pengine ndiyo mara ya kwanza miguu ya Kibuuka ilipokanyaga kitu ambacho baadaye kingekuwa uwanja wake.

Habari za wapandaji vipofu zilifika Norwei, na huko zilimkuta mtu wa kuzipokea. Erling Stordahl alikuwa mwimbaji maarufu, kipofu, mwenye imani kwamba mwili hupona kwa kutumika. Mwaka 1964 alianzisha mbio za Ridderrennet katika mji wa milimani wa Beitostølen, mbio za skii kwa wasioona na wenye ulemavu wa viungo. Mwaka 1970 akafungua hapohapo kituo cha afya kwa michezo, ambapo mtu aliyekatwa mguu aliletwa afundishwe kuteleza, kupanda farasi na kuogelea. Kibuuka alialikwa, akaenda, akajifunza.

Mchezo wake ulikuwa skii za masafa. Kipofu hutelezea ndani ya mifereji miwili iliyochorwa kwenye theluji, na mwelekezi aliye mbele humwambia kwa sauti: kona ya kulia, mteremko, simama. Februari 1976, Örnsköldsvik ilipokea wanamichezo wa nchi 16 katika Paralimpiki ya kwanza ya majira ya baridi. Walioruhusiwa walikuwa wa aina mbili tu, wasioona na waliokatika viungo. Uganda ilikuwa na mwakilishi mmoja. Idi Amin alikuwa bado madarakani Kampala, na nje ya mipaka jina la nchi lilikuwa limechafuka. Kule theluji ilikoanguka, jina hilo lilibebwa kwa heshima na kijana mmoja asiyeona. Mwaka 1980 aliiwakilisha tena Uganda mjini Geilo, Norwei. Kufikia Innsbruck 1984 alikuwa amevaa jezi ya Norwei, nchi aliyohamia, na baada ya hapo akageukia riadha ya majira ya joto, akavuna medali za fedha na za shaba katika mbio za kati na ndefu kwa miaka mingi. Mlima, theluji, kisha uwanja wa riadha: mpangilio huo Karatu wangeuelewa vizuri kama wangeusikia. Wengi hawakuusikia.

Kibuuka hakuwa wa mteremkoni. Skii za mteremko, zile ambazo mtu hushuka mlima kwa mwendo unaoweza kupita kilomita 100 kwa saa akipinda kati ya vijiti, katika michezo ya wenye ulemavu zilikuwa za wenye mguu mmoja tangu mwanzo kabisa. Asili ya michezo hiyo ni vita. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, Austria na Ujerumani zilikuwa na vijana wengi waliorudi bila mguu, wengi wao watoto wa milimani waliokua wakiteleza. Walichofanya ni ufundi wa kijijini hasa. Walichukua magongo yao mawili, wakayafunga vijimbao vifupi chini, wakasimama kwa mguu mmoja juu ya ubao mmoja mrefu. Njia tatu zikabaki kwenye theluji. Mwishoni mwa miaka ya 1940 walikuwa tayari wanashindana huko Badgastein, Austria, na walipoalikwa Örnsköldsvik walikuwa na uzoefu wa karibu miaka 30.

Aliyeonyesha kazi hiyo inaweza kufika wapi ni Reinhild Möller wa Ujerumani. Alizaliwa mwaka 1956 katika familia ya wakulima. Akiwa na umri wa miaka mitatu alipata ajali shambani, akapoteza sehemu ya mguu wa kushoto. Ajali ya namna ile haihitaji kuelezwa kwa watu wa Karatu: mashine ya shamba, mtoto mdogo, sekunde moja mzazi ametazama pembeni. Möller alianza Paralimpiki mwaka 1980, palepale Geilo, Kibuuka akiwa katika njia za masafa, akaendelea kushindana hadi 2006. Kwenye theluji peke yake alipata medali 19, na 16 kati ya hizo ni dhahabu. Alishinda medali za riadha pia, kiangazi. Mtoto wa mkulima aliyepoteza mguu akawa mmoja wa wanamichezo waliofanikiwa kuliko wote katika historia ya michezo hiyo.

Baada ya Kibuuka kubadili jezi, bara la Afrika lilikaa mpaka Nagano 1998 ndipo likapata mwakilishi mwingine wa Paralimpiki ya baridi, Bruce Warner wa Afrika Kusini, mteremkaji. Mwaka huohuo, katika Olimpiki ya Nagano, Mkenya Philip Boit alimaliza wa mwisho kilomita 10 za skii, na bingwa wa Norwei, Bjørn Dæhlie, akachelewesha sherehe za medali ili amsubiri amkumbatie. Tanzania haijapeleka mtu thelujini, si Olimpiki wala Paralimpiki. Katika Paralimpiki ya kiangazi ilianza Barcelona mwaka 1992, na misafara yake imekuwa midogo.

Hata hivyo magongo yale ya Austria yamefika kwetu kwa njia ya mzunguko. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, Don Bennett, Mmarekani wa Seattle aliyekuwa na mguu mmoja, alianzisha mpira wa miguu unaochezwa kwa magongo. Bennett alikuwa mtu wa milima, na mwaka 1982 alifika kilele cha Mount Rainier kwa mguu mmoja na magongo. Mpira wake ukasambaa, Afrika ukapendwa kuliko kwingi, hasa katika nchi zilizojaa mabomu ya ardhini. Tanzania ikaunda timu yake, Tembo Warriors. Mwaka 2021 iliandaa Kombe la Afrika jijini Dar es Salaam, na mwaka 2022, Uturuki, ikaingia robo fainali ya Kombe la Dunia. Wachezaji wanaruka juu ya magongo, wanapiga shuti mguu ukiwa hewani, na jukwaa linasahau pole zake. Ukiwatazama wanavyohamisha uzito kutoka gongo hadi mguu, unaona mwendo uleule wa wale vijana wa Badgastein.

Mlima Kilimanjaro nao umeendelea kupandwa na watu wenye ulemavu. Januari 2012, Kyle Maynard, Mmarekani aliyezaliwa bila mikono kamili wala miguu kamili, alifika kilele cha Uhuru akitambaa, viungo vyake vimefungwa mipira na tepu. Wapagazi wa Moshi na Arusha wamewasindikiza wageni kama hao mara nyingi, wakibeba maji, mahema na wakati mwingine viti vyao. Ni wao, zaidi ya maofisa wa michezo, wanaojua kwa macho yao mwili wenye upungufu unaweza nini.

Na chini ya mlima huohuo kuna kitu ambacho Kibuuka wa 1976 asingekikuta: chuo cha mafundi wa viungo bandia, TATCOT, kilichoanzishwa mwaka 1981 katika hospitali ya KCMC, Moshi. Wanafunzi hutoka nchi nyingi za Afrika. Hapo mguu hupimwa kwa plasta, hukatwa, hulainishwa, hujaribiwa, hurekebishwa, na mwenyewe hufundishwa kusimama tena, kwanza kwa kushika vyuma viwili, halafu bila kushika.

Kutoka Karatu mpaka Moshi ni safari ya siku. Basi huteremka Mto wa Mbu, likapita Makuyuni, likafika Arusha mchana. Hapo hubadilishwa gari. Baada ya Usa River, mawingu yakiwa yamefunguka, abiria aliyekaa dirisha la kushoto huiona Kibo, kilele cha Kilimanjaro, nyeupe juu, na kipande cha theluji ambacho vijana vipofu wa Afrika Mashariki walikikanyaga.