Mepoho alichora ramani bila karatasi

Wanangu wa Gongoni, mnajua zile filamu ambazo kazi ya mtu ni kuchora ramani za dunia zisizoonekana? Kwetu Wagiriama kazi hiyo ilikuwepo.

Wazee husimulia kuhusu Mepoho, mwanamke wa Kaloleni aliyeiona kesho: wageni wenye nywele kama katani, vyombo vya kwenda majini, nchi kavu na angani, na vijana wasioheshimu wazee. Alipomaliza, ardhi ikafunguka akazama. Amini usiamini, Waingereza walipofika watu walikuwa wameshaambiwa. 1913 Mekatilili aliwaapisha Kaya Fungo. Akakamatwa, akapelekwa hadi Kisii, akatoroka akarudi kwa miguu. Kaburi lake liko Bungale, hapa hapa Magarini.

Chuo niliacha mwaka wa pili, na haya sikuyapata darasani. Ni hawe wangu aliniambia. Saa hii hawe ana mvi, na usiku halali vizuri, maana Kilifi yetu mzee anaitwa mchawi, anakatwa panga, halafu shamba linagawanywa.

Vijana aliowaona Mepoho ni sisi. Ukisikia bibi ya mtu anatajwa maskani, usinyamaze.