Ua la New, jina la Tofiki

Kwetu Sola kichaka si kitu cha kusifiwa. Kinafichamo nyoka, kinakula nafasi ya pamba, mbuzi wanapotelea humo. Lakini marehemu babu alikuwa hawezi kupita kwenye kichaka bila kukitaja. Huu ntundulu, ule ntundwa, ule kule wenye maua ya zambarau yanayonukia ni nengonengo, mizizi yake dawa. Nilimuuliza siku moja nani aliwapa majina hayo. Akacheka. "Mjukuu wangu, tuliyakuta."

Miaka mingi baadaye niliingia kazi ya upagazi mlima Kilimanjaro. Wagumu, ndivyo tunavyoitana kule. Msukuma wa mbugani kubeba mzigo kwenye baridi ile ni kituko, na wenzangu hawakuacha kunichekesha. Basi, tukiwa tumeshauacha msitu, tumepita na ile miti mifupi yenye ndevu za kijivu, mgeni mmoja akainama kwenye kichaka kidogo. Majani yake yana manyoya ya rangi ya fedha, maua meupe, makavu kama karatasi. Ukilichuma leo, mwakani liko vilevile. Akaniuliza jina. Nikakosa jibu. Mimi, mjukuu wa yule mzee!

Kiongozi wetu ndiye aliyejibu: *Helichrysum newii*. Mgeni akaandika, tukaendelea. Lile neno la mwisho, newii, lilinikaa kichwani hadi nilipoanza kulitafuta vitabuni.

Kumbe ni jina la mtu. Charles New alikuwa mmisionari Mwingereza wa Kimethodisti, makazi yake Ribe, karibu na Mombasa. Mwaka 1871 alipanda Kilimanjaro hadi akaigusa theluji. Kumbuka kwamba Rebmann alipoandika mwaka 1848 kuwa ameona theluji karibu na ikweta, wasomi wa Ulaya walimkebehi. New alishuka na mimea aliyoikusanya huko juu. Ikafika Kew, Uingereza, ambako Joseph Hooker aliichunguza na kuiandikia. Mwaka 1877 wataalamu wawili, Oliver na Hiern, wakakichapisha kile kichaka kwa jina la New.

Yeye mwenyewe hakuishi kuliona. Mwaka 1875 alirudi Moshi, Mangi Rindi, ambaye wageni walimwita Mandara, akamnyang'anya mali zake, na New akafia njiani akirudi pwani.

Simwonei kijicho. Alipanda kwa miguu yake, na theluji aliigusa kweli. Ila kitabu chake cha 1873 kinamtaja mtu mmoja aitwaye Tofiki, aliyefuatana naye kule juu. Nilipofika hapo nilikiweka kitabu chini kidogo. Nazijua zile njia. Najua baridi inavyoingia kwenye viatu vya kuazima. Wapo pia Wachagga walioonyesha njia, na watu walioibeba ile mimea hadi pwani. Hakuna hata jani moja lenye jina la Tofiki.

Na si ua hilo tu. Lobelia ya kule juu ina jina la von der Decken, aliyeupanda mlima mwaka 1861 na 1862. Ule mmea mkubwa kama mgomba uliovaa blanketi una jina la Johnston, aliyefika mwaka 1884. Yaani ukipanda Kilimanjaro unapita katikati ya orodha ya wageni.

Nilirudi Sola na hasira hiyo, nikidhani sisi tumesalimika. Nikawauliza vijana wa ukoo, wale wanaochunga, majina ya vichaka vya nyuma ya boma. Wakajua viwili. Vingine: "miti tu, kaka."

Hapo hakuna Mwingereza wa kumlaumu. Majina hukaa pale mmea ulipo. Wasukuma walikuwa na ngitili, eneo la malisho linalofungwa ili nyasi na vichaka vipumue hadi kiangazi. Tulipohamishiwa vijijini miaka ya sabini, nyingi ziliachwa zikaisha. Mradi wa HASHI ulioanza mwaka 1986, enzi sisi tukiwa bado mkoa wa Shinyanga, ulisaidia kuzirudisha. Miti ikarudi. Ila mti hauoti na jina lake. Jina lazima mtu alitamke, na mwingine alisikie.

Kwa hiyo sasa nikiwa likizo natembea na wale vijana, nami nataja yale machache niliyobaki nayo. Juzi mdogo wao aliniuliza nani aliupa nengonengo jina lake.

Nikamwambia tuliyakuta. Kisha nikamwambia atamke tena.