Mke Asiye na Cheti

"Una cheti cha ndoa?"

Shosho aliulizwa hivyo mwaka 2009, kwa ofisi ya chifu, siku tulipoenda kuandikiwa barua ya kupeleka kortini. Babu alikuwa na mwezi mmoja tu kaburini. Upande mmoja wa benchi waliketi watoto watatu wa mke wa kwanza, aliyekuwa ameshafariki. Walikuja na cheti cha kanisa cha mama yao. Upande wa pili, mamangu na ndugu zake, jumla wanne. Shosho hakuwa na karatasi yoyote.

"Mahari ililetwa kwetu mchana," alijibu, "watu wakiona."

Nilikasirika. Miaka ilipita kabla sijajua kwamba swali hilo lilimzidi hata Shosho kwa umri.

Mwaka 1917 mwanamume aitwaye Amkeyo alishtakiwa kwa kupatikana na mali ya wizi. Shahidi alikuwa mwanamke aliyemwoa kimila. Sheria ilimkinga mke asilazimishwe kumtolea mumewe ushahidi, basi korti ikabidi iamue: huyu ni mke au si mke? Jaji Mkuu Hamilton akasema si mke. Ndoa ya kimila, kwake, ilikuwa ununuzi wa mwanamke. Hebu fikiria, uamuzi mmoja juu ya mali ya wizi, na mamilioni ya nyanya zetu wakageuka kuwa bidhaa!

Lakini sheria hiyohiyo ilimwonya mtu aliyefunga ndoa kanisani: ukioa tena kimila, ni kosa, kifungo hadi miaka 5. Babu alifanya hivyo hasa, kama wanaume wengi wa rika lake, na hakuna polisi aliyebisha mlango.

Baada ya uhuru, serikali iliunda tume ya kuunganisha sheria za ndoa. Mswada ukaletwa bungeni 1976, ukakataliwa. Ukarudi 1979, ukakataliwa tena. Mlango ukafunguka kwingine: Sheria ya Urithi, ya mwaka 1972, ilianza kutumika 1981, na mwaka huohuo ikaongezewa kifungu kinachosema kwamba mwanamke aliyeolewa kimila atahesabiwa mke kwenye urithi, hata kama mume alikuwa na ndoa ya kanisani. Yaani Babu akiwa hai, ndoa yake na Shosho ilikuwa kosa. Alipokufa, Shosho akawa mke.

Kifungu hicho ndicho kilichotuokoa. Sheria inagawa mali ya mwenye wake wengi kwa nyumba, ikihesabu watoto na mjane aliye hai. Nyumba kubwa: 3. Kwetu: watoto 4 na Shosho, 5. Shamba la ekari 4 likagawanywa mara nane. Sisi tukapata ekari mbili na nusu. Sasa unaelewa kwa nini cheti kiliulizwa.

Mwaka 2014 Sheria ya Ndoa ilipopitishwa, ndoa za kimila na za Kiislamu zilitambuliwa rasmi kuwa zinaruhusu mke zaidi ya mmoja. Ya Kikristo, ya Kihindu na ya serikali ni mke mmoja tu. Hapo aibu ya 1917 ikafutwa. Ila wabunge wanaume waliondoa kipengele kilichotaka mke wa kwanza akubali kwanza, na wabunge wanawake wakatoka ukumbini kwa hasira. Mke wa pili akapata jina. Wa kwanza akanyimwa sauti. Siku hizi namfikiria sana yule wa kwanza, ambaye Babu hakumuuliza kitu. Sijawahi kusikia mtu kwetu akimtaja.

Mwezi ujao binamu yangu analetewa mahari. Sheria ya 2014 inataka ndoa ya kimila nayo iandikishwe, na cheti kitolewe. Sisi tunapanga mahema na nguo za kufanana. Shosho ana miaka tisini na kitu, amekaa kando akitusikiliza. Ameuliza jambo moja tu.

"Na cheti, mtakichukua lini?"