Umekwama Vermilion City? Hapa Ndo Utapata HM01 Cut Kwa Pokémon Red, Blue, Yellow, FireRed na LeafGreen

Kale kamti kadogo mbele ya jimu ya Vermilion City kamefanya wasee wengi waachane na Pokémon kuliko boss yeyote wa hiyo gemu. Umetoka Pallet Town na Pokémon moja, umechapa Brock, umepenya Mt. Moon, umemnyorosha Misty, alafu unafika jimu ya tatu unapata kichaka kimesimama kwa njia kama soja wa geti. Huwezi kukapiga, huwezi kukaruka, huwezi kukazunguka.

Chenye unataka kinaitwa Cut, na kinakuja kwa kitu inaitwa HM01. Kiko karibu kuliko unavyodhani: ndani ya meli imeegeshwa hapo hapo Vermilion, upande wa chini wa mji.

Jibu fupi kwa mwenye ako kwa mathree ya kutoka Kajiado na simu imebaki chaji asilimia 9: enda kwa Bill upewe tiketi, ingia S.S. Anne, chapa mpinzani wako, msugue kapteni mgongo, atakupea HM01. Hakikisha uko na Cascade Badge ya Misty. Fundisha Pokémon yenye inaweza kujua Cut, rudi kwa mti, ukate. Wengine tukae chini tuongee polepole, ju kuna mahali kadhaa unaweza kujikaanga na mafuta yako mwenyewe.

Tunaongelea gemu gani hapa

Red na Green zilitoka Japani 1996, Marekani wakapata Red na Blue 1998, Yellow ikafuata. FireRed na LeafGreen za 2004 ni hadithi ile ile imepigwa rangi mpya ya Game Boy Advance. Ukicheza kwa simu na emuleta, kuna chansi kubwa ni FireRed uko nayo. Njia ya Cut ni moja kwa zote tano, na pahali zinatofautiana nitasema.

HM ni tofauti na TM. Kwa hizi gemu za zamani TM unatumia mara moja inaisha, lakini HM haiishi, unaweza kufundisha Pokémon hata 20. Shida ni moja: ukishafundisha, Pokémon hawezi kuisahau hivi hivi. Hiyo maneno tutairudia.

Anzia kwa Bill, usianzie kwa meli

Wengi wanafika Vermilion, wanaona meli, wanashuka bandarini, jamaa wa mlango anawauliza tiketi. Hawana. Wanarudi nyuma wakidhani gemu imeharibika.

Tiketi iko Cerulean City. Toka mji ukipanda juu, mpinzani wako anakungoja hapo, mchape. Mbele kuna Nugget Bridge, matrena watano mfululizo kwa daraja, na wa sita ni msee wa Team Rocket amejificha kama mtu mzuri. Hapo utapewa Nugget. Hiyo ni dhahabu tu, haina kazi ingine, kauze upate pesa 5,000 ununue Potion. Endelea na Route 25 mpaka mwisho, kuna keja ya Bill. Bill amejichanganya na Pokémon kwa mashine yake, kichwa ni ya Pokémon, akili ni ya mtu. Ongea naye, akiingia kwa mashine nenda kwa kompyuta uiwashe, atatoka akiwa sawa na akupee S.S. Ticket.

Ukirudi Cerulean, polisi mwenye alikuwa amesimama kwa mlango wa ile nyumba iliibiwa atakuwa amesonga. Pita ndani ya nyumba, tokea kwa shimo la ukuta, chapa mwizi wa Team Rocket, atakuachia TM28 Dig. Sasa shuka Route 5. Saffron City mageti yamefungwa, walinzi wako na kiu hawataki kusikia story, so unaingia Underground Path, unatokea Route 6, unateremka hadi Vermilion.

Alafu skiza hii: unaweza kufika Vermilion bila kumchapa Misty. Gemu haikukatazi. Lakini bila Cascade Badge yake, Cut itakuwa kwa Pokémon wako na mti bado utakuangalia tu. Unaweza kuitumia kwa vita, huwezi kukata nayo mti. Malizana na Misty kabla utoke Cerulean. Ukiwa ulichagua Charmander najua inauma, ju Starmie wake anakuzima na maji, lakini shika Oddish au Bellsprout hapo juu Route 24 umletee nyasi.

Ndani ya S.S. Anne

Hapa usikimbie. Meli ni ndefu, vyumba ni vingi, karibu kila chumba kina trena ama kitu chini. Kwa FireRed na LeafGreen kuna chumba kimoja mama flani atakuona umechoka akupumzishe, Pokémon wako wote wanapona bure. Tumia hiyo, itakuokolea kutembea hadi Pokémon Center kila saa.

Sababu ya kutokimbia ni hii: ukishapata HM01 na ushuke, meli inang'oa nanga. Inaenda. Hairudi tena kwa gemu yako yote. Chochote uliacha ndani kimeenda nayo. Kwa Red na Blue hiyo inamaanisha TM08 Body Slam, moja ya TM tamu kwa gemu nzima. Kwa FireRed ni TM31 Brick Break. So fagia vyumba kwanza, kapteni awe wa mwisho.

Kapteni ako ghorofa ya juu, mwisho wa korido. Kabla umfikie, mpinzani wako anatokea tena. Starter yake iko leveli 20, na isipokuwa kwa Yellow, ako na Kadabra wa leveli 18 mwenye atakusumbua kama timu yako ni dhaifu. Seva kabla upande. Na useve ndani ya gemu yenyewe, kwa ile menyu ya Start, usitegemee tu ile ya haraka ya emuleta. Simu ikipotea ama ukiuza, ile faili yenye inaishia na .sav ndio utabeba uende nayo kwa simu mpya, na emuleta nyingi zinaisoma. Saa thelathini za gemu si kitu ya kuacha kwa simu ya mtu.

Ukimshinda, ingia kwa kapteni. Mzee wa bahari ameshikwa na kichefuchefu cha bahari, ameinama kwa ndoo. Ongea naye, utamsugua mgongo, atapata nafuu na akupee HM01. Ndio hivyo tu. Hakuna vita.

Wa Red, Blue na Yellow: begi yenu inabeba aina 20 za vitu pekee, na HM inahesabiwa. Begi ikijaa hapati pahali pa kuiweka. Tupa kitu ama weka kwa kompyuta kabla hujapanda. FireRed mko na TM Case, nyinyi hamna hiyo stress.

Nani abebe panga

Hapa ndo watu wanaharibu timu. Cut iko na nguvu 50 na inakosa saa zingine. Ni panga ya kufyeka, si silaha ya vita. Usimpatie Pokémon unapenda. Kwa Red, Blue na Yellow hakuna mtu wa kuifuta, itakaa hapo hadi mwisho wa gemu ikiziba nafasi moja kati ya nne. Kwa FireRed na LeafGreen kuna Move Deleter, lakini ako Fuchsia City, mbali sana na hapa.

Bulbasaur na Charmander wanaweza kujifunza Cut. Squirtle hawezi, na Pikachu wa Yellow pia hawezi, usipoteze wakati. Chaguo la kawaida ni Oddish kama uko na Red ama FireRed, na Bellsprout kama uko na Blue ama LeafGreen. Wote wako Route 24 na 25, njia ile ile umepita ukienda kwa Bill. Mimi naona Paras wa Mt. Moon ndio mtu wa kazi haswa, ju hakuna mtu hupanga timu akimfikiria, so hauharibu chochote.

Sasa rudi kwa mti. FireRed: simama ukiuangalia, bonyeza A, itakuuliza kama unataka kukata, sema ndio. Red na Blue haikuulizi kitu. Fungua menyu, ingia kwa Pokémon, chagua mwenye ako na Cut, alafu chagua CUT. Msee anaweza kubonyeza A hapo jioni nzima akidhani badge yake ni feki. Na usishtuke ukirudi upate mti umemea tena. Unamea kila ukitoka eneo hilo.

(Mtu wa Kitengela hii story ya njia kuzibwa anaielewa vizuri. Mbuga ya Athi-Kapiti ilikatwa ploti ikawekwa waya, nyumbu wa Nairobi National Park wakakosa pa kupitia wakienda kusini. Wao hakuna kapteni wa kuwapea HM01.)

Ndani ya jimu, na ile story ya lori

Lt. Surge amejifungia nyuma ya mageti ya umeme, na swichi mbili ziko ndani ya mapipa ya taka. Mapipa ni 15. Ya kwanza inabadilika kila mara, lakini ya pili iko kwa pipa linalopakana na la kwanza. Ukikosa, unaanza upya. Raichu wake ako leveli 24 (isipokuwa kwa Yellow) na umeme haumgusi Pokémon wa ardhi, so pitia Diglett's Cave, mashariki mwa mji kwa Route 11, ushike Diglett mmoja. Kazi imeisha.

Na kuna wasee watakuambia Mew ako chini ya lori limeegeshwa karibu na meli. Hayuko, hajawahi kuwa. Hiyo ni uvumi wa tangu miaka ya tisini. Lori liko kweli, unalifikia na Surf, na kwa FireRed walioitengeneza waliweka hapo Lava Cookie moja, nadhani wakicheka.

Baada ya Surge, mti wa kukata ni ule wa Route 9, mashariki mwa Cerulean, ndio njia ya Rock Tunnel. Huko ndani ni giza totoro. Kabla uende, pita Diglett's Cave hadi Route 2, kata miti, tafuta msaidizi wa Professor Oak. Ukiwa umeshika aina 10 za Pokémon atakupea HM05 Flash. Ukiwa na tisa atakurudisha, kwa hivyo hesabu Pokédex yako kabla uanze hiyo safari.